Chozi na Sharubu za Baba Mlezi

Wenzake wa jukwaani walimwita Chozi kwa sababu aliweza kulia jicho moja. Ukimwambia la kushoto, la kushoto lingejaa maji taratibu, tone likashuka mpaka kidevuni, na la kulia likabaki kavu likikutazama kama karani aliyekwisha kufunga dirisha. Ujuzi huo aliupata darasa la sita akikwepa viboko. Kufikia miaka thelathini na minane ulikuwa umempa jina mjini. Kila Jumatano na Jumamosi ungemkuta kwenye ukumbi ulio nyuma ya maktaba, pamoja na kikundi cha watu kumi na wawili waliojua kuwa mwizi, daktari, mlevi na mama mkwe kwa malipo ya soda na sifa.

Siku nyingine zote alikuwa afisa wa kutetea watoto. Ofisi yao ilikuwa ghorofa ya pili: meza nne, kabati la chuma lenye mafaili, feni iliyozunguka ikipenda, na kikapu cha midoli iliyokatika mikono. Kazi yenyewe ilikuwa kwenda kwenye nyumba ambayo jirani amesikia kitu, kukaa chini na mtoto, kumsikiliza bila kumtangulia maneno, kuandika alichosema kama alivyokisema, kisha kusimama mbele ya hakimu na kumsemea. Watoto walimwita Shangazi.

Kazi mbili hizo hakuzichanganya. Jukwaani alifungua mdomo mpaka mtu wa kiti cha mwisho asikie. Kwa watoto aliufunga, akaufunga, mpaka mtoto mwenyewe achoke na kimya. Mama yake, fundi cherehani mstaafu aliyeishi naye, hakuona tofauti kubwa.

"Mchana unafuta machozi ya watu, jioni unatoa ya kwako," alimwambia. "Ipo siku utakosea zamu."

Siku hiyo ilifika, na aliyeileta ni Baba Mlezi.

Baba Mlezi alikuwa na kituo cha kulelea watoto, watoto thelathini na wanne ndani ya ukuta wa rangi ya maziwa, mtaa wa pili kutoka sokoni. Alikuwa na sharubu nene zilizochanwa vizuri, tai kila siku ya Mungu, na miwani aliyoifuta kwa ncha ya tai kila alipotaka kusema jambo la kugusa mioyo. Kabla ya kusema aliinuka kidogo kwa vidole vya miguu, akashuka, ndipo akaanza: "Kwa moyo mweupe." Mbele ya wageni aliwagusa watoto kichwani kwa vidole viwili tu, kama mtu anayejaribu pasi kama imepata moto. Mji mzima ulimpenda. Hakukuwa na mkutano usiomwita mgeni wa heshima.

Mwalimu wa shule ya msingi ndiye aliyeona kwamba msichana mmoja wa kituo kile, wa miaka kumi, akiitwa jina anageuza kichwa kizima ili asikie. Wenzake walimwita Kimya. Chozi alikwenda kuonana naye pale shuleni mara tano. Mara nne za kwanza Kimya alichora mistari, akamfunga mwanasesere vifungo, akavifungua, akavifunga tena. Mara ya tano akasema, bila kuinua macho:

"Ukikosea unaingizwa kwenye tangi."

Chozi hakuinua kalamu. Alisubiri.

Lilikuwa tangi la maji la chuma, lililotoboka, limelazwa nyuma ya jiko, lenye mlango mdogo wa kusafishia. Mlango ulikuwa na kufuli. Kuna aliyekaa humo kutwa nzima kwa kuvunja sahani. Kimya mwenyewe, sikio lake liliharibiwa na kofi alipokataa kuingia. Na baada ya hayo Kimya akasema sentensi moja zaidi, ya jinsi sauti yako inavyokufanyia ukiwa mle ndani. Chozi aliiandika kama alivyoisema.

"Shangazi, ukishaandika, nitarudi kule?"

Sheria ya kwanza ya kazi ni kutomwahidi mtoto jambo ambalo si lako kulitoa. Chozi ndiye aliyewafundisha maafisa wapya sheria hiyo. Akafungua mdomo akasema, "Hutarudi."

Kesi ilikuwa ombi la kuwaondoa watoto wote pale kituoni; ilipokuwa ikisikilizwa walihifadhiwa kwingine kwa muda. Tangi lilikuwa limekwisha kuuzwa kama chuma chakavu siku mbili kabla ya wakaguzi kufika. Mpishi wa kituo, mwanamke mnene wa sauti ndogo, aliulizwa kama aliwahi kuona mtoto akifungiwa. Akatazama sakafu akasema hajaona kitu. Daktari aliandika kwamba sikio huenda liliugua. Likabaki neno la Chozi na maandishi yake.

Wakili wa Baba Mlezi alikuwa mtu wa tabasamu. Alisimama, akatoa karatasi iliyokunjwa, akaikunjua polepole. Lilikuwa tangazo la mchezo wa kuigiza, na picha ya Chozi akilia.

"Shahidi, huyu ni nani?"

"Ni mimi."

"Hapa wamekuita nani?"

"Chozi."

"Kwa nini Chozi?"

Alimtazama hakimu. Hakimu akamwambia ajibu.

"Kwa sababu naweza kulia jukwaani."

"Jicho moja au mawili?"

Watu wakacheka. Hata karani alicheka, akajifanya anakohoa.

"Unaweza kutuonyesha?" wakili aliuliza kwa adabu zote. "Au hapa tayari tumeshaonyeshwa?"

Hakimu alimkemea wakili, lakini alimkemea huku mdomo ukimcheza. Baba Mlezi aliinamisha kichwa, akaifuta miwani kwa ncha ya tai. Ombi likatupwa kwa kukosa ushahidi. Mchana uleule gari la kituo lilikuja kuwachukua watoto wake, na Kimya akapanda. Hakulia wala hakumwita Shangazi. Alimtazama tu kupitia kioo mpaka gari lilipokata kona, akiwa amemgeuzia upande wa sikio linalosikia, kama mtu anayengoja kuambiwa kitu.

Kuna hasira inayopiga kelele ikaisha. Hii haikupiga kelele. Ilimkaa Chozi kifuani kama mpangaji aliyelipa mwaka mzima. Akipika, anamuua Baba Mlezi. Akipiga pasi, anamuua tena, safari hii taratibu zaidi. Alimpangia magonjwa, ajali, moto. Wakili naye hakumsahau. Wakili alimwekea ugonjwa wa ulimi. Ofisini aliendelea na mafaili ya wengine, na kila wiki alimpigia simu yule mwalimu wa shule kumuuliza habari za Kimya. Jibu lilikuwa moja: anakuja, anakaa, haongei.

Kuigiza aliacha. Aliporudisha funguo za ukumbi hakueleza sababu, na hakuna aliyeuliza. Jumatano na Jumamosi akawa anakaa sebuleni anatazama ukuta.

Baada ya miezi mitatu mama yake alimtolea uvivu.

"Mwanangu, mimi nimekubali kuishi na afisa, nimekubali kuishi na mwigizaji. Mtu wa kununa sina mkataba naye."

"Mama, kuigiza kwangu ndiko kulikomrudisha yule mtoto kule."

"Aliyemrudisha ni yule mwenye sharubu. Wewe umempunguzia kazi, umejifunga kufuli mwenyewe."

Asubuhi iliyofuata Chozi alikwenda kwa mtu ambaye wenzake wa jukwaani walimwita Mwalimu.

Mwalimu ndiye aliyeongoza kikundi. Alikuwa amefundisha kemia miaka ishirini, na bado alielekeza waigizaji kama anayechanganya tindikali: tone moja zaidi na darasa zima linalipuka. Wakati huo walikuwa wakiandaa mchezo wa kuchekesha alioutunga mwenyewe zamani, habari za mjomba anayejichukulia watoto wa marehemu dada yake ili apate nyumba yao. Alifurahi kumwona.

"Nina nafasi ya jirani mbea," alisema. "Imekaa kama umeshonewa."

"Nataka mjomba."

"Mjomba ana sharubu."

"Nitabandika."

Mwalimu alimtazama. Naye alikuwa mkazi wa mji ule. Habari za mahakamani alizisikia. Alikuna kidevu, akasema, "Sharubu nene au nyembamba?"

"Nene. Zilizochanwa."

Akaingia kazini. Mazoezi yakampa kitu ambacho usingizi haukumpa: kila Jumatano na Jumamosi alimvaa adui yake mwilini. Alijifunza kuinuka kwa vidole na kushuka. Alijifunza vidole viwili vya kichwani. Neno la mchezo hakulibadilisha hata moja ila kuingiza "kwa moyo mweupe" kila palipoingilika, na wenzake walianguka kwa vicheko. Mama yake alimkatia koti la kiume kutoka kwenye suti ya zamani ya marehemu mumewe, akamwekea mabega kidogo. "Usiwe mwema," alimwambia, pini mdomoni. "Wema utaurudia ukishavua."

Wiki ya nne alifanya kosa. Palikuwa na mahali ambapo mjomba anamfungia mtoto kabatini, na mtoto anatoka akiwa hasemi. Mwigizaji wa sehemu ya mtoto alikuwa msichana mzima mwenye umbo dogo. Walipofika hapo, Chozi alimshika bega akamwambia, "Ukitoka, sema hivi," akampa ile sentensi ya Kimya, ya sauti ndani ya tangi. Msichana akaisema. Ukumbi ukawa baridi. Mwalimu alivua miwani yake akakaa.

"Umeitoa wapi hiyo?"

"Imenijia tu."

"Iache hapohapo. Hiyo peke yake inatosha mchezo mzima."

Chozi alirudi nyumbani na ushindi mdomoni. Kwenye sinki, akijisugua gundi ya sharubu, akaisema tena sentensi ile mbele ya kioo, kwa sauti nzuri, akipumzika panapostahili. Ilitoka vizuri sana. Ndipo alipogundua kwamba alikuwa akiichagulia mkazo. Maneno ambayo mtoto aliyatoa baada ya siku nne za kufunga na kufungua vifungo, yeye alikuwa akiyapima kama mboga: hapa nipandishe, hapa nishushe. Alizima taa ya bafuni gundi ikiwa bado mdomoni.

Jumamosi alimwambia Mwalimu aitoe.

"Unaniulia mchezo," Mwalimu alisema.

"Si yangu. Sharubu nitazichukua, tai nitaichukua, mwendo wake wote nitauchukua, na nikipata nafasi hata meno yake. La mtoto siligusi."

Mwalimu alinung'unika wiki nzima, lakini aliitoa. Msichana aliyeisema aliapa kwamba ameshaisahau.

Jumatatu iliyofuata Chozi aligonga mlango wa mkuu wa ofisi, mama mmoja mpole wa sura asiye na upole wowote kwenye karatasi, akamweleza kwamba anarudi jukwaani na kwamba amepewa sehemu ya mwanaume mwenye sharubu. Mkuu aliweka kalamu chini.

"Kuna neno lolote la kwenye faili ndani ya mchezo huo?"

"Hakuna."

"Una uhakika?"

"Lilikuwepo moja. Nimelitoa."

Mkuu alimtazama kwa muda ambao mtu anaweza kunywa chai. "Hilo la kwanza ningekufukuza nalo kwa mkono wangu mwenyewe," alisema. "Mambo ya sharubu mimi siyajui."

Chozi ndiye aliyeandika kadi ya mwaliko. Aliiandika kwa mkono, wino wa bluu, akimvisha Baba Mlezi kilemba cha ukoka safu baada ya safu: mlezi wa wengi, nguzo ya jamii, mgeni wetu wa heshima, kiti cha mbele, pamoja na wafanyakazi wake na wakili wake mpendwa. Kadi alisaini Mwalimu. Siku iliyofuata jibu lilikuja: atafika kwa moyo mweupe.

Onyesho lilikuwa Jumamosi saa tisa alasiri. Ukumbi ulijaa hadi watu wakakaa kwenye vizingiti vya madirisha. Baba Mlezi alikaa mbele katikati, wakili kulia kwake, wafanyakazi wa kituo safu ya nyuma yao. Chozi aliwachungulia kupitia pazia. Alijiona kama mtu anayepakua chakula alichokipika kwa miezi sita.

Aliingia. Aliinuka kwa vidole, akashuka. "Kwa moyo mweupe," alisema.

Kicheko cha kwanza kilikuwa cha watu wachache wa nyuma. Baba Mlezi naye alicheka. Alikuwa mtu wa kuonekana anacheka. Alipowagusa wapwa zake kichwani kwa vidole viwili, kicheko kikapanda safu tatu. Wakaanza kunong'onezana, shingo zikaanza kunyooka. Wakili aliacha kucheka mapema. Alikuwa mwepesi kuelewa. Baba Mlezi alichelewa.

Kisha likaja lile jambo ambalo Chozi hakulipanga na ambalo angelilipia mshahara wa mwaka. Mjomba alikuwa anakaribia kusema uongo mkubwa wa mchezo, mbele ya jukwaa. Chozi alivua miwani, akashika ncha ya tai, akaanza kuifuta. Na pale chini, kwa mazoea tu, kwa sababu alikuwa ameingiwa na wasiwasi, Baba Mlezi naye alivua miwani yake, akashika ncha ya tai yake, akaanza kuifuta.

Ukumbi uliwaona wote wawili.

Hakikuwa tena kicheko cha mchezo. Kilianza madirishani, kikashuka kama mawe. Watu walisimama ili waone vizuri. Baba Mlezi aliganda na miwani mkononi, akaivaa haraka, ikakaa upande. Aliponyanyuka kuondoka, Chozi hakumwachia.

"Mgeni wetu anatuacha?" alisema kwa sauti ya mjomba. "Kwa moyo mweupe, mpisheni."

Wakampisha. Alitembea mpaka mlangoni katikati ya watu wanaoinuka kwa vidole na kushuka. Chozi alimtazama mgongoni mpaka mwisho, na hakuna raha aliyowahi kuipata maishani iliyofanana na ile. Hakuionea aibu.

Alikuwa chumba cha kubadilishia nguo, amebandua nusu ya sharubu, mlango ulipogongwa. Aliingia yule mpishi wa kituo. Hakukaa.

"Siku ile mahakamani," alisema kwa sauti yake ndogo, "niliposema sijaona, nilikuwa nimeona. Funguo ya kufuli alikuwa ananiachia mimi. Nilikuwa naitundika jikoni pamoja na miiko."

Chozi alisimama na sharubu nusu mdomoni.

"Kwa nini leo?"

"Sijawahi kumwona mtu yule akichekwa. Nilidhani hawezi." Mpishi alijifuta shingo. "Na nilichukua nambari ya simu ya aliyelinunua lile tangi. Bado analo, anafugia kuku."

Kila kitu ndani ya Chozi kilitaka kutafuta kalamu. Angeweza kuandika maelezo palepale, juu ya meza ya vipodozi. Lakini akilini alimwona wakili akiikunjua karatasi polepole, na akajua kwamba neno lolote likipita kwenye mkono wake litafika mahakamani likiwa na sharubu.

"Mama, usiniambie zaidi," alisema. "Jumatatu asubuhi nenda kwa mkuu wetu. Mimi sitakuwepo chumbani. Yote uliyoyaona umwambie yeye, na polisi."

"Mimi nilitaka kukwambia wewe."

"Najua. Na mimi ninataka kusikia kuliko unavyodhani. Ndiyo maana usiniambie."

Jumatatu mpishi alikwenda. Faili jipya lilikabidhiwa kijana wa meza ya pili, mtu mkavu ambaye hajawahi kuigiza hata mchezo wa shule na ambaye, wakimpiga picha, hujua kukaa kama kwenye kitambulisho. Tangi lilipatikana, kuku wakaondolewa, alama za kufuli zikapigwa picha. Watoto wanane walisema wenyewe. Safari hii yalikuwa mashtaka ya jinai. Wakili alipojaribu kuutaja mchezo, hakimu mwingine, mwanamke wa sauti ya kuchoka, alimuuliza kama mpishi naye ni mwigizaji. Wakili akakaa. Kituo kilifungwa, na Baba Mlezi akapewa miaka minne.

Chozi alikuwepo siku ya hukumu. Alichagua kiti ambacho mshtakiwa hangeweza kukikwepa kwa macho. Alifurahi, wala hakujidanganya kwamba furaha ile ilikuwa ya haki tu. Miaka minne aliiona midogo. Mpaka leo anaiona midogo.

Malalamiko ya wakili yalifika wilayani hata hivyo. Chozi aliitwa mbele ya watu watano kwenye meza ndefu, akaambiwa achague: utetezi au jukwaa.

"Chagueni kosa kwanza," alijibu. "Nimetoa neno gani la mtoto?"

Hawakulipata. Wakamwandikia onyo kwa utovu wa busara, na wakamzuia kutoa ushahidi mahakamani mwaka mmoja. Alisaini.

Kimya alipelekwa kwa mama yake mdogo, dada wa marehemu mama yake, aliyetafutwa miezi miwili na kupatikana mji mwingine. Chozi alikwenda kumtembelea. Alimkuta barazani anamenya viazi. Kimya hakumkimbilia.

"Ulisema sitarudi," Kimya alisema.

"Nilisema."

"Nikarudi. Miezi tisa."

"Ndiyo. Niliahidi kitu kisichokuwa changu. Nilikosea."

Kimya alimenya kiazi kizima kabla ya kusema tena. "Mama mdogo anasema uliwafanya watu wamcheke Baba Mlezi."

"Ndiyo."

"Sana?"

"Sana."

"Alifanyaje?"

Chozi alimsimulia. Hakuinuka kuigiza, hakubadilisha sauti; alisimulia kama anavyoandika ripoti, hili likafuata hili. Kimya alisikiliza amegeuza kichwa. Mwisho hakucheka. Alimsogezea Chozi kisu cha pili na bakuli, na wakamenya mpaka viazi vikaisha.

Mwaka wake wa kuzuiwa kutoa ushahidi umebaki miezi mitatu. Anakwenda kwenye nyumba za watu, anaandika, anampa kijana wa meza ya pili, anamsahihisha. Jumatano na Jumamosi yuko nyuma ya maktaba. Juzi alikutana na wakili kwenye ngazi za ofisi. Wakili akamsalimu kwa tabasamu lilelile, akamuuliza mchezo unaofuata unahusu nini.

"Bado tunasoma," Chozi alimwambia, na akasimama pembeni kumpisha, akiangalia vizuri jinsi anavyoweka mguu.